Ulinzi wa Polisi kwa Wafanyabiashara Katika Migogoro ya Kupakia na Kupakua Mizigo Kerala: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Jimbo la Kerala, kusini-magharibi mwa India, lina sheria yake mahsusi inayosimamia kazi ya kubeba mizigo, na lina pia mazoea ya miaka mingi ambayo sheria hiyo haijafaulu kuyamaliza. Mtu anayefungua duka la vigae, ghala la saruji au hoteli huko hugundua mapema kwamba lori likisimama mlangoni kwake, uamuzi wa nani ashushe mzigo si wake peke yake. Majibu yafuatayo yanahusu migogoro iliyofikia hatua ya mwenye biashara kuomba alindwe na polisi, na yanaeleza mambo ambayo Mahakama Kuu ya Kerala huyapima kabla ya kutoa amri ya ulinzi.

Mgogoro wa namna hii huanzaje?

Huanza na lori. Tuseme ni lori la vigae lililofika asubuhi na mapema, na vijana wanne walioajiriwa na duka wameshafungua bodi la nyuma na kuanza kushusha maboksi. Wanatokea wanaume kumi hivi waliovaa mashati ya buluu, wengi wao wakiwa wamezungusha kichwani taulo nyembamba ya pamba ambayo mpagazi wa Kerala huitumia kama kata. Hawampigi mtu. Wawili wanasimama mbele ya lori, mmoja anaegemea bodi, mwingine anamwambia dereva azime injini. Kisha msemaji wao anatamka dai, nalo huwa mojawapo kati ya haya: kazi yote ni yao kwa sababu eneo hilo ni lao, au wapewe angalau nusu ya mzigo, au, kama mwenye duka anashikilia kutumia watu wake, basi awalipe wao vilevile ingawa hawatagusa hata boksi moja.

Kinachomuumiza mfanyabiashara hapo ni muda. Lori lililokodiwa linadaiwa kwa kila siku linapokaa, dereva ana safari nyingine, na wateja wamekwisha kuahidiwa bidhaa. Wengi hulipa ili yaishe, na kwa kulipa wanathibitisha kwamba njia hiyo inafanya kazi.

Sheria inayohusika ni ipi?

Ni Sheria ya Wapagazi ya Kerala ya mwaka 1978, iliyoingia katika vitabu vya sheria kama Sheria Na. 20 ya 1980. Chini yake kuna Kanuni za mwaka 1981 na Mpango wa Kuratibu Ajira na Ustawi wa Wapagazi wa mwaka 1983, pamoja na Bodi ya Ustawi inayousimamia mpango huo. Sheria inamtambua mpagazi kuwa mtu anayepakia, kupakua au kuchukua mizigo kwa kichwa, kwa mwili au kwa toroli, katika shughuli za biashara au kwa ujira, awe ameajiriwa moja kwa moja, kupitia mkandarasi, au hana mwajiri maalumu. Anayeitwa na mtu binafsi kumbebea vitu vya nyumbani hahesabiwi.

Inafaa kukumbuka kwa nini sheria hii ilitungwa. Mpagazi wa sokoni hakuwa na mwajiri mmoja wa kumdai chochote: akivunjika mgongo akiwa amebeba gunia la mfanyabiashara wa kwanza, wa pili hakuwa na sababu ya kumhudumia, na uzeeni hakuwa na kiinua mgongo wala pensheni. Sheria ilimpa usajili, ujira unaopitia katika Bodi, na mafao. Wafanyabiashara wengi huisoma kama sheria ya kuwabana, lakini wakiisoma hadi mwisho watakuta kwamba hoja zao zenye nguvu zaidi mbele ya mahakama zimo humohumo.

Kwa nini kila mtu huuliza kama eneo langu limo katika Mpango wa 1983?

Kwa sababu jibu la swali hilo hubadilisha karibu kila kitu kinachofuata. Mpango haukuanza kutumika Kerala nzima kwa siku moja. Hupelekwa katika maeneo kwa tangazo la serikali, eneo baada ya eneo. Katika eneo lililotangazwa, kazi ya kupakia na kupakua inapaswa kufanywa na wapagazi waliosajiliwa, ama wale waliofungamana na biashara yako, ama wale wa kundi la eneo ambao hugawiwa kazi na kamati ya Bodi, na mwajiri hulipa ujira wao pamoja na tozo ya ustawi kwa Bodi. Katika eneo ambalo Mpango haujafika, hakuna kundi la Bodi la kugawiwa, na mahakama imekuwa ikikubali kwamba mwajiri ana uhuru mpana zaidi wa kuchagua watu wake. Chama cha wapagazi hakiwezi kujitwalia huko mamlaka ambayo hata Bodi haijapewa.

Uliza ofisi ya Bodi au Afisa Kazi Msaidizi wa eneo, na uombe jibu kwa maandishi. Majirani wa sokoni hawatoshi katika hili. Wengi wamezoea hali iliyopo na hudhani kuwa ndiyo sheria.

Je, ninaweza kutumia wafanyakazi wangu mwenyewe kushusha mizigo?

Ndiyo, mradi wawe wamesajiliwa, na hili ndilo jambo ambalo maombi mengi husimamia au huangukia. Kanuni ya 26A ya Kanuni za 1981 inaruhusu mfanyakazi aombe kusajiliwa kuwa mpagazi kwa Afisa Kazi Msaidizi, ambaye ndiye mamlaka ya usajili. Akisajiliwa, hupewa kitambulisho. Mwenye biashara aliyeajiri watu watano na wote watano wana vitambulisho hivyo kwa kazi ya duka lake anapofika mahakamani hahitaji maneno mengi: anaonyesha vitambulisho, anaonyesha malalamiko aliyopeleka polisi, na anaomba asizuiwe kufanya jambo ambalo serikali yenyewe imemruhusu.

Asiye na vitambulisho, hasa katika eneo lililo chini ya Mpango, yuko katika hali tofauti kabisa. Anaiomba mahakama iwaagize polisi wamlinde anapofanya kazi kinyume cha utaratibu, na jibu analopata kwa kawaida ni kwamba aende kwanza kwa Afisa Kazi Msaidizi, kisha arudi. Wakati huo lori bado liko nje.

Kuna kikomo kingine ambacho wenye biashara hupenda kukisahau. Kama una watu watatu waliosajiliwa na siku hiyo yameingia malori sita, huwezi kuwaita shemeji na jirani zako waje kusaidia kwa jina la wale watatu. Mahakama huweka wazi mara nyingi kwamba ulinzi ni kwa kazi inayofanywa na wafanyakazi waliosajiliwa, na kwamba ukihitaji mikono zaidi katika eneo la Mpango, utaichukua kutoka katika kundi la wapagazi wa eneo hilo.

Afisa amekataa kuwasajili wafanyakazi wangu kwa sababu hawajawahi kuwa wapagazi, au kwa sababu wapagazi wa eneo ni wengi tayari. Je, hiyo ni sababu halali?

Mahakama Kuu imekwisha kueleza katika mashauri kadhaa kwamba sivyo. Haimlazimu mwombaji awe tayari mpagazi ndipo asajiliwe kuwa mpagazi. Tafsiri hiyo ingefunga mlango kwa kila mtu mpya. Kinachopaswa kuangaliwa ni kama mtu huyo ana uwezo na utayari wa kufanya kazi hiyo, na kama mwajiri yuko tayari kumtumia. Vilevile wingi wa wapagazi wengine katika eneo si sababu ya kumnyima usajili mfanyakazi ambaye mwajiri wake anamhitaji. Uamuzi wa kukataa hukatiwa rufaa kwa Afisa Kazi wa Wilaya, na baada ya hapo mlango wa Mahakama Kuu uko wazi.

Pingamizi la chama cha wapagazi dhidi ya usajili husikilizwa, lakini kusikilizwa si kuwa na kura ya turufu.

Nokkukooli ni nini, na ina uhusiano gani na ulinzi wa polisi?

Nokkukooli ni jina la Kimalayalam la malipo ambayo wapagazi huyadai kwa kuutazama tu mzigo ukishushwa na wengine au na mashine. Kwa miaka mingi yalichukuliwa kama desturi ya kuudhi ambayo kila mtu anaijua na hakuna anayeishtaki. Serikali ya Kerala iliyapiga marufuku kuanzia tarehe 1 Mei 2018, baada ya mazungumzo kati ya serikali na mashirikisho ya vyama vya wafanyakazi, na marufuku hiyo iligusa pia tabia ya vyama kujifanya ndivyo vyenye haki ya kumpelekea mwajiri wafanyakazi. Kuchagua Sikukuu ya Wafanyakazi kuwa siku ya kuanza hakukuwa kwa bahati. Serikali iliyokuwa madarakani ilikuwa ya mrengo wa kushoto, na ilitaka ijulikane kwamba kumpinga anayedai malipo bila kazi si kumpinga mfanyakazi.

Marufuku haikutosha. Septemba 2021 gari lililobeba vifaa vizito vya kituo cha anga za juu cha Vikram Sarabhai, kilichoko Thumba karibu na Thiruvananthapuram, lilizuiwa na watu waliodai nokkukooli. Mzigo ule haukuwa wa kushushwa kwa mabega ya binadamu kwa namna yoyote. Ulikuwa wa winchi na wataalamu. Kisa hicho kilitikisa kwa sababu kilionyesha kwamba hata taasisi ya taifa haikuwa salama, seuze muuza sementi wa mtaani.

Mwaka huohuo Mahakama Kuu, ikisikiliza mashauri ya ulinzi wa polisi yaliyokuwa yakifika mbele ya Jaji Devan Ramachandran, mojawapo likiwa la mtu aliyezuiwa katika ujenzi wa hoteli wilayani Kollam, iliagiza kwamba madai ya nokkukooli yashughulikiwe kama kosa la jinai la kujipatia fedha kwa vitisho, na kwamba mkuu wa polisi wa jimbo awape askari wake maelekezo ya kufungua mashtaka yanayostahili. Tangu hapo mwenye biashara anayedaiwa nokkukooli hana haja ya kuubeba mgogoro kama suala la kazi. Ni kosa la jinai kama makosa mengine. Tangu tarehe 1 Julai 2024 kosa hilo limo katika kifungu cha 308 cha Bharatiya Nyaya Sanhita, sheria iliyochukua nafasi ya Kanuni ya Adhabu ya zamani, na adhabu yake ya kawaida inaweza kufika kifungo cha miaka saba, ilhali chini ya sheria ya zamani ilikuwa miaka mitatu.

Mzigo ni wa nyumbani kwangu, si wa biashara. Je, ninabanwa?

Hapana. Anayehama nyumba au anayeletewa kabati lake yuko nje ya tafsiri ya sheria, na anaweza kusaidiwa na yeyote amtakaye.

Na mzigo unaoshushwa kwa mashine?

Sheria inazungumzia kichwa, mwili na toroli. Transfoma inayoshushwa na winchi, au paleti za mbao zenye shehena zinazotolewa na foklifti ikiendeshwa na dereva wake, si kazi ya mpagazi, na kudai malipo kwa ajili yake ni nokkukooli tu. Ugumu hutokea pale kazi inapochanganyika: mashine inashusha kutoka kwenye lori hadi sakafuni, kisha watu wanabeba kutoka sakafuni hadi kwenye rafu. Sehemu ya pili inaweza kuwa kazi ya mpagazi, na ni vizuri ieleweke mapema nani ataifanya.

Je, lazima niende mahakamani? Polisi hawawezi kunisaidia moja kwa moja?

Wanaweza, na wanapaswa. Kama kuna fujo au tishio la fujo wakati huohuo, piga simu ya dharura 112. Kama umedaiwa fedha kwa vitisho, au gari lako limezuiwa, peleka malalamiko ya maandishi kwa Mkuu wa Kituo. Mahakama ya Juu ya India, katika shauri la Lalita Kumari lililoamuliwa Novemba 2013, iliweka msimamo kwamba taarifa inayoonyesha kosa ambalo polisi wanaweza kulishughulikia bila kibali cha hakimu lazima iandikishwe, na si hiari ya askari. Mkuu wa Kituo akikataa, malalamiko hupelekwa kwa mkuu wa polisi wa wilaya, na akikaa kimya hakimu anaweza kuombwa aagize uchunguzi. Njia zote mbili zimo katika sheria ya mwenendo wa jinai, vifungu vya 173 na 175.

Kwa uhalisia, jibu ambalo wengi hupewa kituoni ni kwamba hilo ni suala la kazi na waende Idara ya Kazi. Mara nyingine askari yuko sahihi. Kama ubishi wenu ni kiasi cha ujira kwa gunia, au ni nani kati ya makundi mawili ya wapagazi mwenye zamu, polisi hawana la kuamua. Lakini pale watu wanaposimama mbele ya gari na kusema halitoki mpaka walipwe, neno mgogoro wa kazi halibadilishi kinachotendeka. Kwa hiyo andika malalamiko yako kwa namna inayotenganisha mambo hayo mawili: eleza kilichofanyika, saa ngapi, nani alisimama wapi, maneno gani yalisemwa, kiasi gani kilitajwa. Malalamiko yanayoanza na lawama dhidi ya chama fulani cha siasa hayamsaidii mtu.

Kwa nini ombi hupelekwa Mahakama Kuu, na kwa msingi gani?

Ibara ya 226 ya Katiba ya India inaipa Mahakama Kuu uwezo wa kuziamuru mamlaka za umma zitekeleze wajibu wake. Ombi, kwa hiyo, halielekezwi kwanza kwa wapagazi bali kwa polisi: mwombaji anasema ana haki ya kufanya biashara inayolindwa na ibara ya 19, kwamba anazuiwa, kwamba aliwaambia polisi, na kwamba hawakuchukua hatua. Chama na viongozi wake huunganishwa kama wajibu maombi ili wasikilizwe na ili amri iwafunge. Mahakama Kuu ya Kerala iko Ernakulam, jijini Kochi, na maombi ya aina hii yamekuwa sehemu ya kazi yake ya kila siku kwa miongo mingi.

Njia ya kufungua madai katika mahakama ya chini na kuomba zuio ipo pia, na inafaa pale ambapo kuna ushahidi unaobishaniwa na unaohitaji mashahidi. Mahakama Kuu haipendi kugeuzwa kuwa mahali pa kuhojiana mashahidi juu ya nani alimsukuma nani.

Mahakama huangalia nini kabla ya kutoa amri?

Hapa ndipo maandalizi yanapoonekana. Jambo la kwanza ni kama biashara yenyewe ni halali, yaani ina leseni ya serikali ya mtaa na vibali vingine vinavyohitajika. Mtu anayejenga bila kibali hawezi kutegemea polisi wamsimamie anapoingiza nondo. La pili ni hadhi ya eneo, kama lilivyoelezwa hapo juu. La tatu ni vitambulisho vya Kanuni ya 26A. La nne ni nakala ya malalamiko yaliyopelekwa polisi kabla ya ombi, ikiwa na risiti au muhuri wa kupokelewa, kwa maana mahakama haiwezi kumlaumu askari kwa kutotenda jambo ambalo hakuambiwa. La tano ni kuwepo kwa kizuizi chenyewe au tishio linaloaminika. Picha na video za simu husaidia, lakini hata barua ya chama inayodai kazi inaweza kuwa ushahidi mzuri kuliko video, kwa sababu inaonyesha dai kwa maneno yao wenyewe.

Wakili wa serikali huulizwa apate taarifa kutoka kituoni, na taarifa hiyo ina uzito mkubwa. Askari akiripoti kwamba alifika akakuta watu wamekaa kivulini kimya na lori linashushwa bila tatizo, ombi lako limepungua nguvu. Akiripoti kwamba kuna mvutano na anatarajia uvunjifu wa amani, amri ya muda inaweza kutoka mapema, hasa kama mzigo ni wa kuharibika kama samaki au matunda.

Jambo ambalo huwaponza waombaji wengi ni kuficha. Mtu anasema hajawahi kuwatumia wapagazi wa eneo, kisha chama kinaleta risiti za miaka mitatu alizowalipa. Kuwatumia zamani hakumfungi milele, na angeweza kulisema hilo waziwazi akaeleweka. Akilificha, atakuwa anajitetea badala ya kudai.

Amri yenyewe husema nini?

Kwa kawaida huwaagiza Mkuu wa Kituo na wakubwa wake wahakikishe kwamba mwombaji anapakia na kupakua kwa kutumia wafanyakazi wake waliosajiliwa bila kuzuiwa na wajibu maombi waliotajwa au watu wao. Huongezwa karibu kila mara kwamba chama kikiwa na dai la ajira au ujira kinaweza kulipeleka kwa mamlaka za kazi chini ya sheria ya 1978. Na huachwa nafasi ya maandamano ya amani: wapagazi wanaweza kukaa kando ya barabara na bango lao, mradi wasizibe mlango, wasimguse mtu na wasisimamishe gari.

Amri haiwaagizi polisi wabebe mizigo, haiwaagizi waweke askari dukani kwako usiku na mchana, wala haitangazi kwamba wapagazi wa eneo hawana haki yoyote tena. Anayeitumia kuwafukuza wapagazi waliofungamana naye kihalali kwa miaka mingi ataikuta mahakama ileile upande wa pili.

Polisi wasipoitekeleza amri?

Rekodi kwanza: waandikie, ambatisha nakala iliyothibitishwa ya amri, eleza tarehe na saa ya lori linalofuata, na uombe wawepo. Mara nyingi kutotekelezwa kunatokana na kutojulishwa, kwani amri imetoka Kochi na kituo kiko mbali. Kama walijua na hawakutenda, kuna shauri la kudharau mahakama chini ya Sheria ya 1971, ambayo adhabu yake ni kifungo kisichozidi miezi sita au faini isiyozidi rupia 2,000. Faini hiyo haimtishi mtu leo. Kuitwa kizimbani ukiwa umevaa sare kunatisha.

Je, polisi au mahakama wanaweza kunipunguzia ujira wa kupakua?

Hapana. Viwango huwekwa kwa mashauriano ya kikanda kati ya wafanyabiashara na vyama chini ya maofisa wa kazi, bidhaa kwa bidhaa, na vinatofautiana kati ya soko moja na jingine. Ukiona umetozwa zaidi ya kiwango kilichokubaliwa, dai risiti na uipeleke kwa Afisa Kazi.

Je, kuomba ulinzi si kuvunja nguvu ya vyama vya wafanyakazi?

Swali hili huulizwa kwa ukali, na lina haki ya kujibiwa kwa utulivu. Ibara ileile ya 19 inayolinda biashara inalinda pia haki ya kuunda vyama. Mashirikisho ya wafanyakazi ya CITU, INTUC, AITUC, BMS na STU yote yana wapagazi Kerala, na kila moja lina uhusiano na chama fulani cha siasa, jambo linalofanya mgogoro wa maboksi ya vigae ugeuke haraka kuwa mgogoro wa bendera. Hata hivyo ulinzi wa polisi haugusi uanachama, wala kudai ujira bora, wala kugoma. Unagusa kuzuia njia na kutisha, basi.

Lakini pia mwenye biashara asijidanganye. Mpagazi wa miaka hamsini aliyebeba magunia tangu ujanani, anayeona foklifti ikichukua siku yake ya kazi, ana hofu ya kweli, na mahakama inaijua hofu hiyo. Maombi yanayokubalika kwa urahisi ni yale yanayoonyesha kwamba mwombaji ameajiri watu wake kwa masharti ya haki na kuwachangia katika Bodi panapohitajika. Aliyesajili watu wake kwa ujira mdogo ili tu kukwepa tozo ana siku mbaya mbele yake.

Mimi ni msafirishaji wa korosho ghafi kutoka Mtwara. Hili linanihusu vipi?

Kollam ni kitovu cha zamani cha ubanguaji wa korosho India, na viwanda vyake vimetegemea kwa miaka mingi korosho ghafi za Afrika, za Tanzania zikiwemo. Mgogoro wa upakuaji ukitokea kwenye ghala la mnunuzi, wewe si mwajiri na huna ombi la kupeleka mahakamani. Mnunuzi ndiye mwenye wafanyakazi, leseni na malalamiko. Kinachokuhusu ni mkataba wako. Angalia ni wapi wajibu wako unakoma, nani anabeba gharama za kontena kukaa bandarini au lori kukaa njiani, na kama kucheleweshwa na mgogoro wa wapagazi kumetajwa miongoni mwa mambo yanayompa mnunuzi muda wa ziada wa kulipa. Mnunuzi anayekuandikia kwamba hawezi kulipa kwa sababu ya wapagazi anapaswa kuwa na nakala ya malalamiko aliyopeleka polisi. Iombe.

Je, sheria kama hii iko katika majimbo mengine ya India?

Maharashtra ina sheria yake ya mwaka 1969 kuhusu mathadi (wabeba mizigo), hamali na wafanyakazi wengine wa mikono, yenye bodi na usajili wake. Mambo mengi yanafanana, lakini mamlaka, kanuni na viwango ni tofauti, kwa hiyo jibu lililotolewa hapa kuhusu Kanuni ya 26A halitamsaidia mtu aliyeko Mumbai.

Tumeelewana na chama. Je, niendelee na ombi lililoko mahakamani?

Makubaliano ya mdomo kando ya lori huvunjika lori linalofuata. Yaandikeni mbele ya Afisa Kazi: idadi ya wafanyakazi wako waliosajiliwa, aina ya mizigo watakayobeba wao, ni lini wapagazi wa eneo wataitwa, kiwango cha malipo kwa kila bidhaa na namna ya kutoa risiti. Kisha wakili wako ayaweke mbele ya mahakama ili ombi lifungwe kwa kuyarekodi, badala ya kuliondoa kimyakimya. Ombi likifungwa kwa namna hiyo, mkivurugana tena utarudi mahakamani ukiwa na masharti ambayo pande zote mbili zilikwisha kuyakubali.